Glavu Zisizosuuzwa

Kuna Jumamosi moja, mwanangu, ambayo mpira wake haujatua mpaka leo. Nikiwa hapa dirishani na cherehani yangu, mchana kama huu, jua la baridi likinipiga mgongoni, macho yanaanza kuwa mazito, basi nauona. Uko hewani, mweupe, unakuja taratibu kana kwamba haujaamua pa kwenda. Unafika kwenye mikono miwili iliyofunguka vizuri kabisa kuupokea. Kisha unateleza. Hapo ndipo huwa nashtuka, nikakuta nimeshona mfuko wa suruali ya mteja ukashikana na paja.

Usicheke. Kaa hapo, weka hiyo simu chini. Asubuhi umeingia humu ndani umeutupa mkoba wako wa mpira, ukasema kwa Kizulu maneno unayodhani siyajui. Kwamba umechoka kuwa kipa wa pili. Kwamba mwenzako anapewa kila mechi na wewe unabebeshwa chupa za maji. Nilikusikia, nikanyamaza kwa sababu mchuzi ulikuwa jikoni. Sasa mchuzi umeiva na mimi nina neno. Nijibu kwa lugha yoyote upendayo, lakini masikio hayo ya Kiswahili nimeyazaa mwenyewe.

Mimi nimewahi kuwa kipa wa pili. Ndiyo, mimi huyu, mama yako Saumu, mwenye magoti yanayolia nikipanda ngazi. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili, nimetoka Tanga juzi juzi, nashona kwa fundi mmoja hapahapa mtaani Yeoville. Siku za Jumamosi nilikuwa navaa suruali ndefu ndani ya bukta, nafunga mtandio kisogoni, napanda kwenye kile kiwanja cha juu chenye nyasi upande mmoja na vumbi upande wa pili. Tulikuwa wasichana wa kila mahali: Wakongo, Warundi, Wazulu wa mjini, na Mtanga mmoja. Kila mtu alipiga kelele kwa lugha yake na mpira ulichezeka.

Kocha wetu alikuwa Mjerumani. Tulimwita Mama Linde. Mrefu, nywele za mvi amezikata fupi, na vidole viwili vya mkono wa kushoto vimepinda, vinatazama pembeni. Alikuwa mwalimu wa michezo katika shule moja huko kwenye nyumba zenye kuta ndefu, na Jumamosi alishuka kwetu na kigari chake cha buluu. Akisimama tu pale kwenye robot, zile taa za barabarani, watoto wa mtaa wameshaanza kukimbia kumpokea. Huko kwao alikuwa kipa, tena kipa wa timu kubwa za wanawake. Kiingereza chake kilikuwa kizito kama buti, kwa hiyo maneno yake nitakupa kwa Kiswahili ili tusichelewe.

Timu nzima tulikuwa na jozi moja tu ya glavu za maana, alizokuja nazo yeye kutoka kwao. Zina viganja vya sponji laini, ukigusa zinakushika. Lakini wajua mji huu wakati wa baridi: hewa kavu, midomo inapasuka, nguo ukianika saa moja imeshakauka. Sponji ile ikikauka haishiki kitu. Kwa hiyo Mama Linde alituletea desturi ya kwao. Ijumaa kipa wa pili anazifua glavu kwa sabuni ya mche, anazisuuza mara tatu, mara nne, mpaka maji yatoke meupe, maana sabuni ikibaki ndani mpira unateleza, kisha anazianika kivulini. Siku ya mechi anazilowesha kidogo, kisha anamvisha kipa wa kwanza kwa mikono yake mwenyewe, mmoja baada ya mwingine, kama unavyomvisha bibi harusi. Wa kwanza hajivishi. Mama Linde alisema kwao ilikuwa hivyo kwa miaka, na haikuwa utumwa.

Kipa wa kwanza alikuwa Furaha, binti wa Bukavu, msusi katika saluni moja pale barabara ya Rockey. Asubuhi vidole vyake vinasuka rasta nyembamba kama uzi, jioni vinadaka mipira. Nilimzidi mwaka mmoja, basi akaniita Yaya, kama wanavyowaita dada zao wakubwa. Tulikula ugali sahani moja. Alikuwa na jambo moja tu kichwani mwake: shule. Walikuwa wamekimbia kwao akiwa katikati ya masomo, na alitaka kuyamalizia awe muuguzi. Alilisema hilo kwa sauti ya chini, kama mtu anayeogopa kuliamsha.

Sasa ikaja habari kwamba Jumamosi hiyo atafika kocha wa timu kubwa ya wanawake kutoka ng'ambo ya pili ya mji. Mwanamke wa makamo, mkali, anatafuta kipa. Timu yake iliwapa wasichana mahali pa kulala na ikawasomesha. Hakuna aliyelisema waziwazi, lakini sote tulijua anakuja kumtazama nani.

Ijumaa nikakaa uani na beseni langu. Nikazipaka glavu sabuni, nikasugua. Povu likapanda mpaka kwenye viwiko. Na moyo wangu ukaanza maneno yake. Kwa nini yeye? Mimi sidaki? Mimi sina ninachokitaka? Mimi ni wa kufua tu? Nikazitia kwenye maji mara moja, nikazitoa. Bomba lilikuwa palepale, mwanangu, linadondoka tone moja moja, ningenyoosha mkono tu. Nikajiambia nimechoka. Wallahi sikuwa nimechoka. Nikazianika vilevile, na sabuni yake ndani.

Jumamosi Furaha alifika anakimbia kutoka saluni, ananukia mafuta ya nywele. Nikazilowesha glavu, nikamvisha. Akaninyooshea mikono huku anatazama jukwaani alipokaa yule kocha mgeni, hata hakuziangalia. Kwa nini aziangalie, na mimi ndiye niliyezifua? "Asante, Yaya," akasema.

Ule mpira wa kwanza ninaouota ndio huo. Haukuwa na nguvu. Ulipigwa na msichana aliyeteleza, ukaja juu juu, ukakaa hewani muda mrefu mno. Kiwanja kizima kilikuwa na mwanga wa njano, nyasi kavu, moshi wa mtu anayechoma majani huko bondeni, na mimi nyuma ya goli na chupa yangu, nauona unakuja, najua. Ukamteleza mikononi kama samaki. Bao. Baada ya muda ikaja krosi, akaruka vizuri, akaushika kabisa, ukamtoka. Mbili. Nikamwona anaigeuza mikono yake, anaiangalia.

Mapumziko akavua glavu mwenyewe. Alikuwa analia bila sauti. "Kocha, leo mikono yangu inakatala," akasema. "Muingize Saumu."

Mama Linde akaziokota zile glavu chini. Akazigusa kwa kidole gumba. Kisha akazipeleka puani, akanusa. Loo! Mwanangu, nimeshawahi kutazamwa na watu wengi kwa jicho baya, lakini yule mama alinitazama bila ubaya wowote, na hilo ndilo lililonichoma. Akachukua chupa mkononi mwangu, akaenda pembeni, akazimwagia maji na kuzikamua mpaka chupa ikaisha. Akarudi, akanivisha yeye mwenyewe. "Sasa ni safi," akasema. "Ingia."

Nikaingia. Eish, nilidaka siku ile! Kila mpira ulinifuata. Nilipangua penalti. Mechi ilipokwisha yule kocha mkali alishuka, akaniuliza jina, akaliandika, akaniambia baada ya wiki mbili, Jumamosi, niende kwenye majaribio kiwanjani kwao. Nilipata nilichokitaka, chote, na bado jioni ilikuwa haijafika. Tukiteremka kurudi mtaani Furaha akanipokea mkoba wangu akaubeba yeye. Alikuwa amenifurahia kweli, hakuigiza.

Wiki iliyofuata hakuja mazoezini. Nikajisemea ana wateja. Wiki ya pili, Jumatano mchana, akaniita saluni: njoo nikusuke, huwezi kwenda kwenye majaribio na kichwa kama hicho, hii ni zawadi yangu. Nikaenda. Nikakaa kwenye kiti, akaanza upande wa kulia. Vidole vyake vilikuwa na joto, vinakwenda polepole, redio inaimba kwa sauti ndogo, mvuke wa maji ya moto umejaa kwenye kioo hata sura zetu hazionekani vizuri. Ningeweza kulala pale. Ningeweza kulala maisha yangu yote.

Akasema, bila uchungu, kama anazungumza habari za hali ya hewa: "Unajua, Yaya, nilikuwa najidanganya. Hii mikono si ya kipa. Ni ya nywele tu. Nimemwambia mama asingojee tena mambo ya shule."

Kichwa changu kilikuwa kimesukwa nusu. Nikamwambia. Sikujua nitasema, nilisikia tu sauti yangu. "Furaha, mikono yako haina kosa. Nilizifua glavu sikuzisuuza. Sabuni ilikuwa ndani."

Vidole vikasimama. Alikuwa ameshika nywele zangu kidogo, hakuziachia, hakuzivuta. Kwenye kioo niliona kivuli chake tu. Akauliza neno moja: "Ulijua?"

"Nilijua."

Akaweka kitana juu ya meza, akachukua sweta lake, akatoka. Mwenye saluni akataka kunimalizia kichwa, nikakataa. Nikafunga mtandio juu ya nusu hiyo nikaenda zangu.

Alhamisi nikapanda taxi mbili mpaka kwenye shule ya Mama Linde, nikasimama getini hadi wanafunzi walipotoka. Alipotokea hakushangaa. Akanifungulia mlango wa kile kigari, tukakaa ndani, hakuwasha moto. Jakaranda za mtaa ule zilikuwa hazina hata ua, matawi matupu. "Nilikuwa nakungoja," akasema. "Ungefika Jumamosi bila kusema, ningesema mimi."

Kisha akanisimulia maisha yake. Alipokuwa mtoto, wakubwa wa mpira kwao walikuwa wamewakataza wanawake kucheza, basi yeye alidaka mipira ya kaka zake nyuma ya banda la ng'ombe. Marufuku ilipoondolewa akaingia timu. Akakua, akachukuliwa na timu kubwa, akakaa benchi miaka saba. Saba, mwanangu! Asubuhi anapanga barua posta, jioni mazoezi, Jumapili anamvisha glavu kipa wa kwanza, mwanamke aitwaye Sabine. Mpaka Sabine alipoondoka ndipo akapata goli lake, akacheza misimu mitatu, na hiyo misimu mitatu ndiyo yote. Goti likakatika. Vile vidole viwili vilivunjika mwishoni mwa msimu wa pili.

"Na timu ya taifa?" nikamuuliza, kwa sababu tulikuwa tumesikia.

Akacheka. "Nimeichezea nchi yangu dakika kumi na moja."

Aliitwa mara nyingi, akasafiri sana, akakaa benchi katika nchi ambazo hakumbuki majina ya miji yake. Sabine yuko golini, yeye yuko na chupa. Siku moja wakiwa wanaongoza kwa mabao mengi, Sabine akashika mgongo, akainua mkono atolewe. Linde akaingia. Mpira haukumfikia hata mara moja. Alisimama tu kwenye goli la nchi yake, mvua nyepesi inanyesha, taa zinawaka, akasikia jina lake likitangazwa kwenye spika, mama yake yuko jukwaani. Miaka mingi baadaye, wote wameshastaafu, akamuuliza Sabine kuhusu mgongo wake. Sabine akamwambia mgongo wake haujawahi kuuma. "Miaka saba ulinivisha," akamwambia, "na hakuna siku hata moja mpira ulinitoka kwa sababu ya glavu."

Mama Linde akavitazama vidole vyake vilivyopinda. Nami nikaanza kulia mle garini, kamasi zote, mpaka akanipa kitambaa cha kufutia kioo.

Jumamosi nikaenda kwenye majaribio. Nikamfuata yule kocha mkali kabla hajapuliza filimbi, nikamwambia: yale mabao mawili uliyoyaona si ya Furaha, ni yangu mimi, na nikamweleza yote. Akaniuliza kama najua ninachokipoteza. Nikasema najua. Na nilikuwa nakitaka kile ninachokipoteza, nisikudanganye. Niliitaka ile nafasi kuliko chakula.

Furaha alikuja ndani ya kigari cha buluu. Mama Linde alikuwa amempitia saluni asubuhi, alimwambia nini sijui hadi leo. Alishuka amekumbatia kifua, mikono ameificha makwapani. Hakunisalimu. Nilikuwa na ndoo yangu na zile glavu. Nikapiga magoti mbele yake nikazisuuza glavu mara nne, nikazibadilishia maji, nikamwonyesha ndoo kila mara mpaka maji yakatoka meupe. Wasichana wa ile timu wamesimama wanashangaa, huyu mwenye mtandio ana wazimu gani. Furaha akaangalia maji muda mrefu. Kisha akatoa mikono, akaninyooshea. Nikamvisha. Safari hii hakusema asante.

Alidaka, mwanangu. Mipira ilimkaa mikononi kama imetumwa kwake. Sikumbuki mingapi, siku hiyo kwangu ni kama ndoto ya mtu mwingine, nakumbuka tu ule mlio, pa, pa, pa, wa mpira unaogonga kiganja kinachoshika. Walimchukua. Mimi sikuulizwa tena jina.

Na kichwa changu? Siku tisa nilitembea na nusu ya rasta chini ya mtandio. Nilitaka iwe hivyo. Ijumaa ya wiki iliyofuata nikapita mbele ya saluni nimeinamisha uso, nikasikia sauti kutoka mlangoni: "Weye. Kuja, ukae." Nikakaa. Akamaliza upande wa kushoto, na alivuta kweli kweli, machozi yalinitoka. Alipomaliza akanipiga kofi dogo la begani. Kesho yake akahama kwenda kwa timu yake.

Usingoje nikuambie kwamba siku moja Furaha aliinua mkono akaniachia goli. Hakuna. Sikuwahi kuwa wa kwanza. Nilikaa kipa wa pili misimu mingine miwili, nikamvisha msichana wa Kizulu aliyekuja baada yake, na glavu zile nilizisuuza hata ndoo ikanichoka. Kisha nikaolewa, nikashona, nikazaa.

Hapo sasa. Yule Tantine wako wa hospitali, anayekuletea chokoleti kila Idi ingawa yeye anasali kanisani, unayemwita Tantine tu, kama Wakongo wanavyomwita shangazi, tangu ulipoanza kusema wala hujawahi kuuliza jina lake. Ndiye Furaha. Aliusomea huo uuguzi akaupata, akawa mkunga. Siku ninakuzaa wewe, kitinda mimba wangu, nilikuwa nimeshika chuma cha kitanda naita watu wa Tanga wote, akaingia yeye. Anavaa zile glavu zao nyembamba, ananiangalia usoni, akasema: "Yaya, na hizi umezifua weye?" Nikacheka katikati ya uchungu, na katika kicheko hicho ukatoka kwa kasi, umeteleza, hakuna aliyekuwa tayari. Yeye alikuwa tayari. Akakudaka kwa mikono miwili, akakubana kifuani.

Kwa hiyo sikiliza ninavyokuambia. Kutaka kuwa wa kwanza si dhambi, mimi nilitaka, na wewe utake, ukafanye mazoezi mpaka kocha wako akose usingizi. Lakini kazi ya kungoja ifanye safi, usitie ndani yake sabuni ya moyo wako. Na ukishamkosea mtu, usimwache akaanza kujilaumu yeye. Mwambie upesi. Bao ni bao, linasahaulika. Furaha alikuwa anaichukia mikono yake mwenyewe kwa ajili yangu, mikono iliyokuwa inakungoja wewe.

Haya, inuka. Mechi si saa tisa? Chukua mkoba wako, na chupa ile pale nimeshaijaza. Nenda ukamvishe mwenzako. Mungu akupe subira aliyoipata mama yako kwa kuchelewa, akupe vidole visivyovunjika na siku yako uifikie bila kumwangusha mtu. Na wewe ukianguka, mwanangu, ukute hapo chini kuna mikono safi inakungoja. Amina. Zisuuze mara nne.